Nilivyoisoma oili ya boti kwa hadubini ya shule

Giaboksi ya kwanza ilitufia katikati ya Ziwa Tanganyika, usiku, tukiwa na mzigo wa saruji wa kwenda Kalemie, upande wa Kongo. Wavuvi wa dagaa ndio waliotuvuta. Sitaki kuisimulia sana safari ile. Mama mwenye boti akanunua giaboksi nyingine, ya mtumba, ikaja na lori kutoka Dar. Mwezi wa tano nayo ikaanza kuimba.

Ulikuwa mluzi mwembamba unaopanda kadiri mwendo unavyopanda, na ukitoa gia unabaki kidogo halafu unazima. Hapa Kibirizi, ufukweni Kigoma, kila fundi ana sikio lake. Mmoja akasema klachi, mwingine gia, wa tatu akashika shafti kwa mkono akasema tatizo liko kwenye propela. Mimi moyoni nilisema beringi, lakini moyo haufungui boliti. Kushusha giaboksi ya boti si sawa na ya Fuso: shafti lazima irudishwe nyuma, injini isogezwe, winchi itafutwe, na siku nne au tano chombo hakina safari. Nilipomwendea Mama kuomba ruhusa, aliniuliza swali moja tu: "Fundi, unafungua kwa sababu unajua, au unafungua ili ujue?"

Nikarudi ufukweni nimenyamaza.

Kabla ya kurudi Kigoma nilifanya kazi miaka mitatu mgodini, upande wa Kanda ya Ziwa. Pale kulikuwa na chumba kidogo chenye kiyoyozi ambako oili za malori makubwa zilipimwa, na mara kwa mara nilitumwa kupeleka chupa. Nikijichelewesha makusudi, jamaa wa maabara ananiruhusu kuchungulia. Ndiyo maana wazo la kwanza lilikuwa kupeleka sampuli Dar. Majibu yalichukua wiki tatu. Chuma: kawaida. Shaba: kawaida. Usafi wa oili: 22/20/16. Ushauri: badilisha oili. Nikabadilisha. Mluzi ukaendelea.

Zile namba tatu zinawachanganya wengi. Ni hesabu ya chembe katika mililita moja ya oili: ya kwanza ni zenye ukubwa wa kuanzia mikroni 4, ya pili kuanzia 6, ya tatu kuanzia 14. Mikroni moja ni sehemu moja ya elfu ya milimita; unywele wa kichwani una kama 70. Haziandikwi idadi kamili, zinaandikwa ngazi, na kila ngazi ni karibu mara mbili ya iliyo chini yake. Kwa hiyo 22 maana yake chembe kati ya 20,000 na 40,000, na 16 ni kati ya 320 na 640. Mashine inayohesabu hupitisha oili kwenye njia nyembamba mbele ya mwale wa leza. Kila chembe ikipita inaziba mwanga kidogo, na kivuli hicho kinahesabiwa. Ila kivuli hakina rangi. Chembe ya chuma, punje ya mchanga, tone la maji, povu la hewa, vyote kwake ni kimoja.

Na ile mashine iliyoniambia chuma ni kawaida nayo ina kasoro yake. Inachoma oili na kusoma mwanga unaotolewa na kila metali, lakini vipande vikubwa haviungui vyote. Kuanzia mikroni kama 10 hivi kwenda juu, sehemu kubwa inapita bila kuonekana. Sasa fikiria beringi inayobanduka magamba ya mikroni 100. Karatasi itakuambia mambo ni shwari. Silaumu maabara, nililipia kipimo kile, nikapewa kipimo kile. Nilichokuwa nakitaka ni kuziona chembe zenyewe.

Mwalimu wa baiolojia wa sekondari moja hapa mjini ni jirani yangu. Shuleni kwake kuna hadubini nne, mbili zinafanya kazi. Nilimweleza jioni tukiwa kwenye benchi la kahawa. Akanitazama kama mtu anayeombwa kuazima mke. "Fundi, ile ni ya kuangalia majani ya vitunguu. Ukinimwagia oili kwenye lenzi, mkuu wa shule atanila nyama." Tukakubaliana: Jumamosi, yeye mwenyewe awepo, na lenzi nisiiguse.

Jumamosi ya kwanza ilikuwa aibu tupu. Nilikuwa nimechota oili kwenye chupa ya maji ya kunywa. Tukaichanganya na petroli nje, mbali na jiko, tukaichuja kwa karatasi ya maabara ya shule. Karatasi ile inazuia chembe za kuanzia mikroni 11 hivi. Watu wa maabara hutumia utando wenye matundu ya mikroni 0.8, lakini mimi vidogo sikuvihitaji. Kuweka karatasi chini ya lenzi: inang'aa kama sukari. Mchanga! Nikamkimbilia Mama kumwambia giaboksi inaingiza mchanga kupitia tundu la hewa, nikalifungua tundu lenyewe, nikaliosha, nikalifunga kitambaa. Usiku nikakumbuka chupa ile niliiosha wapi. Niliisuuza ziwani, nikaiinamisha ikauke juu ya mchanga wa Kibirizi.

Kesho yake nikachukua chupa nyingine iliyooshwa vilevile, nikatia petroli tupu, nikachuja. Sukari ileile. Tangu hapo chupa naisuuza mara tatu kwa petroli iliyokwisha kuchujwa, na kabla ya sampuli yoyote nachuja kwanza petroli tupu nione karatasi yangu inasemaje. Oili yenyewe naivuta kwa sirinji na mpira mwembamba kupitia tundu la dipstiki, katikati ya kina, ndani ya dakika kumi baada ya kuzima injini. Ukingoja ipoe, vizito vyote vimeshalala chini. Ukifungua boliti ya kumwagia, unapata takataka za miaka.

Jumamosi ya pili sampuli ilikuwa safi, lakini kila kitu kilikuwa cheusi. Vipande kama pilipili manga iliyosagwa, basi. Mwalimu ndiye aliyeligundua tatizo. Hadubini ya shule inamulika kutoka chini, mwanga unapita ndani ya jani la kitunguu kuja jichoni. Chuma hakipitishi mwanga, kwa hiyo unachoona ni kivuli chake, yaani tumerudi kwenye kosa la mashine ya Dar. Akazima mwanga wa chini, akawasha tochi ya simu kwa ubavuni, mlalo kidogo. Nikasikia anasema, "Ebo!" Vile vyeusi vilikuwa vinamemeta, kimoja cheupe kama bati, kingine kimekunjwa ukingoni, huku na huku doa jekundu la kutu. Hadubini iliyotengenezwa kwa kazi hii ina taa zote mbili kwa pamoja, nyekundu kutoka juu na kijani kutoka chini: metali inarudisha nyekundu, na vitu vinavyopitisha mwanga vinaonekana kijani. Sisi tulikuwa na simu ya Mwalimu. Lenzi ya 40 ilitushinda kwa sababu inakaribia kioo hadi tochi haipati pa kupenya. Tulibaki na ya 10, ukuzaji wa mara 100, na ilitosha.

Kupima ukubwa nilitumia unywele wa binti yangu. Niliulaza kando ya chembe. Kulikuwa na magamba mapana kuliko unywele, na hapo tumbo likanikata. Hata mashine isiyo na tatizo inachakaa, hilo halikwepeki, lakini uchakavu wa kawaida unatoa vijigamba vidogo vya chini ya mikroni 15. Chembe kinachojikunja kama mnyoo, kama chenga za mashine ya kukerezea, ni cha kitu kigumu kinachochonga kingine. Chembe chenye mikwaruzo sambamba ni gia zinazosuguana bila oili ya kutosha katikati. Magamba bapa, laini juu, yenye kingo zilizochanika na vijitundu hapa na pale, ni ya gololi za beringi zilizokanyaga gamba hadi likawa chapati. Yangu yalikuwa hayo. Rangi ya njano sikuiona, na klachi yetu ina sahani za bronzi. Basi yule wa klachi akatoka mchezoni.

Bado nilitaka kutenga chuma na vinginevyo. Njia ya kufanya hivyo aliibuni Mmarekani Vernon Westcott mwanzoni mwa miaka ya 1970: oili iliyozimuliwa inateremka polepole juu ya kioo kilichoinamishwa juu ya sumaku kali, na chembe za chuma zinajipanga mistari, kubwa zikitangulia kushika. Sumaku yangu ilitoka kwenye spika ya redio iliyokufa. Tone baada ya tone, kwa sirinji, zaidi ya nusu saa. Mistari ikatokea kama nywele za mswaki. Nikasuuza kwa petroli, nikaacha ikauke.

Halafu nikataka kujua ni chuma gani, kwa sababu nyumba ya giaboksi ni chuma cha kalibu na beringi ni feleji ngumu, yaani stili. Ukipasha kioo hadi nyuzi 330 kwa dakika moja na nusu, chembe za chuma cha namna ya gia na beringi zinageuka bluu, na za chuma cha kalibu zinakuwa rangi ya majani makavu. Kipimajoto cha nyuzi 330 utakitoa wapi Kigoma? Nilikaa nikitazama nyavu za dagaa zilizoanikwa, na zile risasi zilizofungwa ukingoni. Risasi inayeyuka kwenye nyuzi 327. Nikakata kipande kidogo kama punje ya mchele, nikakiweka kando ya kioo juu ya bamba la chuma, jiko la mkaa likiwa nje upepo unakopita. Kioo cha kwanza kilipasuka kwa haraka yangu. Cha pili nilikipasha taratibu, risasi ikalegea ikawa shanga, nikahesabu hadi tisini, nikaondoa. Jumatatu baada ya vipindi Mwalimu akaniita dirishani. Bluu. Bluu kama kanga mpya.

Ilibaki ile kutu. Oili haikuwa na weupe wa maziwa, lakini nilidondosha matone kwenye kikaango cha moto na yakapasukapasuka. Kikaango kinayasikia maji hata yakiwa sehemu moja tu katika elfu. Maji yaingie wapi? Nikakumbuka nahodha alishawahi kulalamika kwamba asubuhi tukiwasha anaona upinde wa mvua majini, ubavuni mwa boti. Tulidhani ni dizeli. Kumbe ni kipozea oili, lile silinda lenye mirija ya shaba ndani, maji ya ziwa yakipita upande mmoja na oili upande wa pili. Injini ikitembea, oili ina nguvu kuliko maji, inatoka nje. Boti ikilala gatini, kipozea kiko chini ya usawa wa maji, basi ziwa linaingia polepole usiku kucha. Na beringi haipendi maji hata kidogo. Nadhani na zile 22 za Dar zilikuwa na matone ya maji mengi ndani yake.

Wazee wa hapa wanapenda kusimulia meli ya Liemba, enzi za Wajerumani, ilivyozamishwa mwaka 1916 na mafundi wake wakiwa wamepaka mashine grisi nene, na ilivyoinuliwa mwaka 1924 mashine zikiwa bado zinafaa. Nilipomweleza Mama habari ya maji kwenye oili, ndiyo hadithi aliyoijibu. "Wale walijua adui ni nani," akasema. Halafu: "Fungua."

Tulifungua Jumanne. Beringi ya nyuma, njia ya nje ambamo gololi zinakimbia ilikuwa na mabaka yaliyobanduka kwenye theluthi moja ya mzunguko. Gia safi, klachi safi. Mrija mmoja wa kipozea ulikuwa na tundu ambalo sindano ya kushonea ingepita kwa shida; tukauziba ncha zote mbili. Siku tatu, si tano, kwa sababu beringi nilikuwa nimeiagiza kabla ya kushika spana, jambo ambalo sijawahi kulifanya maishani.

Sasa kila mwezi nachukua sampuli. Vioo navihifadhi kwenye sanduku la viberiti, tarehe zimeandikwa kwa kalamu ya wino. Cha mwezi uliopita kina vijigamba vidogo tu vya kawaida. Mama alisikia, akaja mwenyewe shuleni na kanga zake mbili, akasema na yeye anataka kuona pesa zake zilipokwendea. Mwalimu akamwekea kiti. Akainama, akakaa muda mrefu bila neno.

"Naona miti," akasema. "Mirefu, myeusi, inatikisika."

"Hizo ni kope zako, Mama," Mwalimu akamjibu. "Sogea nyuma kidogo."