Jumatano ya Kushua Jahazi

Jahazi lenyewe lilijengwa Nungwi, kaskazini ya Unguja, na lilikuwa limeshakalafatiwa, yaani kuzibwa nyufa za mbao, na kupakwa deheni ya chokaa na mafuta. Ilibaki saa ya kulishua, yaani kulitia majini, na hiyo haipangwi na fundi. Mwenye chombo akaenda kwa mwalimu wa falaki, elimu ya kupiga hesabu za nyota na saa. Nilikuwa mwanafunzi wake, kwa hiyo mlango ulipofungwa mimi nilibaki ndani.

Walimu wa falaki hawana chama wala daftari la majina. Wana ijaza: mwalimu anakupa idhini kwa kauli yake, kama naye alivyopewa na wa kwake. Bila ijaza, hata ukikipata kitabu, watakwambia hesabu haitakushika. Hesabu zote hufanywa kwenye ubao, na ubao huoshwa kabla mgeni hajaaga.

Ilianza nyota. Jina la mtu na la mama yake hugeuzwa tarakimu kwa abjadi, ambayo huipa kila herufi ya Kiarabu namba yake, zikajumlishwa, kisha zikatolewa 12 mpaka zisitoleke tena. Mathalan Ali mwana wa Mariamu: ain 70, lam 30, ya 10, hiyo ni 110, mim 40, ra 200, ya 10, mim 40, hiyo ni 290. Jumla 400. Zinabaki 4, nyota ya nne, Saratani, ambayo wengi huiita Kaa. Wanaoharibu huharibu kwenye hijai, kuziandika herufi zenyewe. Ukimwandika Fatuma bila alifu baada ya fa umempunguzia 1, na 1 hiyo inatosha kumtoa kwenye nyota yake na kumtia kwenye ya jirani.

Kisha mwezi, uko kwenye buruji lipi, yaani nyota ipi kati ya zile 12. Ilikuwa tarehe 16 ya mwandamo: mara mbili ni 32, ongeza 5, ni 37. Kila buruji hupewa 5, kuanzia lile lililo na jua, na jua lilikuwa Dalu, yaani Ndoo. Saba zikashiba, zikabaki 2 kwa la nane: Sumbula, yaani Mashuke. Kama ingetoka Akrabu, yaani Nge, shughuli ingeahirishwa papo hapo, iwe bamvua, maji makubwa ya kujaa, au si bamvua.

Utamu wote, kwangu mimi, ulikuwa kwenye saa. Kila saa ina mtawala wa angani, kwa mpango usiobadilika: Zuhali, Mushtari, Mirihi, Shamsi (jua), Zuhura, Utaridi, Kamari (mwezi), halafu unarudi Zuhali. Jumatano hufunguliwa na Utaridi jua linapochomoza. Hesabu kwa vidole: saa ya 10 inamwangukia Zuhali, mwenye nuksi, na ya 11 Mushtari, ambaye hakuna bora zaidi yake kwa chombo cha biashara.

“Basi saa kumi kamili, Mwalimu,” mwenye chombo alisema. “Ndiyo inaanza ya kumi na moja. Na maji yanajaa saa kumi na robo.”

“Hiyo ya mkononi ni saa ya serikali, mwanangu.”

Akavuta ratiba ya swala. Mwezi ule wa Februari jua lilichomoza saa 12:26 asubuhi na kuzama 12:48 jioni. Mchana wote dakika 742. Gawa kwa 12, kila saa karibu dakika 62. Saa kumi za namna hiyo ni dakika 618, kwa hiyo Mushtari anaingia saa 10:44. Anayehesabu kuanzia saa 12 kamili angelishua jahazi katikati ya Zuhali huku akijipongeza. Kosa hili lipo mpaka leo, kwa sababu huku kwetu karibu na ikweta saa za mchana hazirefuki wala kufupika sana, na watu wanadhani saa ya ukutani inatosha.

Nahodha alinung'unika kwamba maji yatakuwa yameanza kutoka. Kweli, lakini bahari haikimbii mwanzoni. Katika saa ya kwanza baada ya kujaa hushuka kama sehemu moja ya 12 ya tofauti yake yote. Kwa bamvua ya mita 4 ni kama sentimita 33. Nusu saa tu, ni kidogo kuliko hapo.

Magogo yalipakwa sifa, mafuta ya papa, kamba zikashikwa mapema, wazee wakasoma dua. Saa 10:44 mwalimu aliinua mkono, na mkuku, uti wa chini wa jahazi, ukaserereka.

Injini ilifungwa jahazini siku chache baadaye. Kwa kazi hiyo hakuna aliyekuja kuuliza saa.