Andika mvuvi

Juzi mtoto wa dada yangu aliulizwa skuli mama yake mdogo anafanya kazi gani. Akajibu: "Anakaa na wazee." Mwalimu akadhani mimi ni muuguzi. Nilicheka, lakini mtoto kapatia. Kamera ikiwaka kwa saa moja, ujue nimeshakaa saa nane mkekani, nikinywa kahawa chungu na kusikiliza habari za watu ambao hawatamo kabisa kwenye filamu.

Nilianzia harusini, Wete, na kamera ya kanda ndogo za MiniDV niliyouziwa mtumba na kijana aliyekuwa anahamia Dar. Mpiga picha mwanamke Pemba hakosi kazi, maana anaingia ndani kwa kina mama ambako mwanamme hatii mguu. Huko ndiko nilikojifunza kurekodi kwenye mwanga wa taa moja, na kujua wakati wa kuishusha kamera kabla sijaambiwa. Fedha za harusi ndizo zilizonipeleka Kojani mara ya kwanza.

Kwa asiyepajua: Kojani ni kisiwa kidogo ubavuni mwa Pemba, upande wa mashariki, nyumba zimebanana hadi unapita kichochoroni bega moja mbele. Watu wake ni wavuvi, na pwani nzima wanajulikana kwa dago. Wanapakia mchele, nyavu na madumu ya maji, wanatweka, wanakwenda kupiga kambi kwenye fukwe za watu, Tanga, Kilwa, Kenya, kufuata samaki na pepo. Wengine hurudi baada ya bamvua moja au mbili, yale maji makubwa ya mwezi. Wengine huoa hukohuko.

Nilikwenda na daftari la maswali. Kwenye kozi fupi niliyosoma Unguja tulifundishwa kuanza na yaliyo mepesi: jina, umri, kabila. Mzee niliyeelekezwa kwake alikuwa anatia viraka wavu, uzi kauzungusha kwenye kidole gumba cha mguu.

"Kabila gani, mzee wangu?"

"Andika mvuvi."

"Hiyo kazi, baba. Nauliza kabila."

"Nimesikia, mwanangu. Andika mvuvi."

Nikaandika, moyoni nikisema huyu mzee mkaidi. Ilinichukua karibu mwaka kujua nani alikuwa mjinga pale.

Nilikuwa Nyaraka za Taifa, Kilimani, Unguja, natafuta habari za vyombo vya baharini, nikajikuta nasoma habari za sensa. Ile ya 1924 iliandika maelfu kwa maelfu ya Waswahili hapa visiwani. Ya 1931 wamebaki wachache. Ya 1948 ni kama wamekwisha. Hawakufa, hawakuhama. Walibadilisha jibu. Mswahili lilikuwa jina lililoanza kunuka utumwa, na serikali ya kikoloni ilikuwa inawapanga watu kwa majina hayo, nani juu na nani chini, basi wengi wakajiandikisha Washirazi, jina la wanaojinasibisha na Uajemi. Kisha ikaja miaka ya siasa, kuanzia uchaguzi wa 1957 hadi Mapinduzi ya 1964, na jibu la swali lile likawa linaweza kukutia mashakani. Mzee wangu aliiishi miaka hiyo ya siasa. Halafu anakuja msichana wa Wete na kalamu, anamuuliza kama anavyoulizwa mtu bei ya pweza.

Swali lile nililifuta daftarini. Filamu za historia ya jamii zina tamaa hii, ya kumbandika mtu kibandiko kabla hajasema neno, ili mtazamaji astarehe. Mteja mmoja wa nje aliyetaka kununua kazi yangu alitaka nifungue na ngoma ya msewe na mchezo wa ng'ombe. Ng'ombe nawapenda, nimekua nikiwakimbia. Lakini filamu ilikuwa ya wavuvi walioondoka wasirudi. Nikakataa, fedha zikapotea, nikarudi kwenye harusi miezi saba.

Hasara iliyoniuma zaidi ni nyingine, na hiyo ya kujitakia. Kanda nilikuwa naziweka kwenye sanduku la bati chini ya kitanda. Masika moja zikaota ukungu. Kumi na moja hazikusomeka tena, na moja ilikuwa ya bibi mmoja wa Kojani akiyataja majina ya waliokwenda dago Kenya na kuhesabu nani kazaa na nani huko. Nikafunga safari nimrekodi upya. Nilipofika nikakuta watu wanarudi kutoka makaburini. Siku hizi kila kitu nanakili mara tatu, na nakala moja iko kwa shoga yangu Unguja, ambaye amekatazwa hata kuigusa.

Katika yale majina nilikumbuka manne tu. Nikayaandika kwenye karatasi, nikaenda nayo.

Mkojani akitaka kwenda Shimoni, pwani ya Kenya, anasubiri upepo, anakata mkondo wa Pemba, basi. Mimi na pasipoti yangu nilivuka hadi Tanga, nikapanda gari, nikapanga foleni mpakani Horohoro, nikagongewa muhuri, nikafika siku ya pili mgongo unauma. Kibuyuni, karibu na Shimoni, wanawake walikuwa majini wanafunga mwani kwenye kamba, maji ya magoti. Nikatoa salamu. Nilipoitikiwa nilisimama. Kipemba chao kizito kuliko changu. Wanasema maneno ambayo mara ya mwisho nimeyasikia kwa bibi yangu mzaa mama, na wanayasema kwa watoto waliovaa sare za skuli ya Kenya.

Safari hii sikuuliza kabila. Nililetewa. Kijana mmoja, mjukuu wa jina la pili kwenye karatasi yangu, alikaa mbele ya kamera, akaweka kola sawa, akasema kabla sijafungua mdomo: "Sisi ni kabila la Wapemba."

Nikamwacha aendelee. Kazaliwa pale, baba yake kazaliwa pale, na miaka yote hakuna kitambulisho. Leseni ya uvuvi alikuwa hapati. Laini ya simu kasajiliwa na rafiki, kwa hiyo fedha zake za M-Pesa zilikuwa kwenye jina la mtu mwingine, wakigombana zimekwenda. Kenya inawahesabu watu wake kwa makabila, na asiyekuwa kwenye orodha anabaki mgeni hata akizaliwa uani. Wamakonde walikubaliwa 2016 baada ya kutembea kwa miguu hadi Nairobi. Wapemba walitambuliwa 2023. Alinionesha kitambulisho kipya, kakifunga kwenye mfuko wa nailoni kisipate maji ya chumvi.

Usiku ule sikulala vizuri. Swali nililolifuta Kojani kwa aibu ndilo lililompa huyu kitambulisho. Na Pemba kwenyewe kabila la Wapemba halipo! Kuna Mkojani, kuna mtu wa Tumbe, wa Konde, wa Kengeja, na hao wanasimangana vizuri tu. Upemba unakuvaa ukishavuka maji. Hata Unguja, hujashuka ngazi za boti umeshaitwa.

Kuhariri kulinichukua msimu mzima wa kusi. Mhariri wangu alitaka sauti ya msimulizi ieleze mambo ya sensa, nikakataa, tukanuniana siku tatu, mwisho tukaweka picha ya karatasi ya sensa yenyewe na kelele za bahari. Bado naona ni kipande kirefu mno.

Nilipoipeleka Kojani tuliitundika shuka ukutani baada ya sala ya isha. Watoto mbele, kina mama ubavuni, mzee wangu kwenye kiti cha plastiki. Kijana wa Kibuyuni akatokea: "Sisi ni kabila la Wapemba."

"Mwana wa nani huyo?" mzee akauliza kwa sauti.

Akaambiwa jina la babu.

"Aa! Basi mwambieni yeye Mkojani."

Uwanja mzima ukacheka. Kisha akaja uso wake mwenyewe, wavu mapajani, na maandishi chini. Mzee hasomi herufi hizo. Akamvuta mjukuu wake kwa mkono.

"Wameniandika nini hapo?"

Mtoto akasoma polepole: "Mvuvi. Kojani."

Akamwachia mkono, akaendelea kutazama.