Mbu sura moja, tabia mbalimbali

Shuleni tulifundishwa mbu wa malaria ni Anofelesi, akitua anainua makalio juu, basi imeisha hiyo. Ila ukichimba kidogo unakuta yule gambiae, mbu maarufu kuliko wote Afrika, kumbe hakuwa mbu mmoja. Mwanzoni mwa miaka ya 60 wanasayansi waliwazalisha maabara mbu wa sehemu tofauti tofauti, watoto wakapatikana ila madume yakawa tasa. Yaani sura ile ile, mabawa yale yale, hata kwa hadubini huwatofautishi, na bado ni spishi tofauti! Wakawaita A, B, C kwanza, majina kamili yakafuata baadae.

Sasa utasema inanihusu nini mimi. Inakuhusu sana aisee. Katika kundi hilo, aliyebaki na jina la gambiae anapenda damu ya binadamu, anaingia ndani usiku, anakung'ata umelala, akishiba anapumzika ukutani, kwahiyo chandarua chenye dawa na ile dawa ya kupuliza kwenye kuta vinampata vizuri tu. Ndugu yake arabiensis anang'ata mtu na ng'ombe hamwachi, na nje pia anang'ata, saa zile bado uko barazani unapiga stori. Mwingine ni merus wa huku pwani, anazaliana hadi kwenye maji ya chumvi. Halafu kuna quadriannulatus, huyo anafuata wanyama na malaria wala hahusiki nayo, ukimhesabu na wenzake utamwaga hela kumpiga asiye na kosa.

Magharibi mwa Kenya na bonde la Kilombero Tanzania, vyandarua vilipoenea gambiae alipungua vibaya mno, arabiensis ndo akabaki wengi. Kwa macho ungeona mbu ni wale wale ukasema vyandarua havijafanya kitu. Kilichokuja kurahisisha kazi ni PCR, kipimo cha maabara kinachoangalia vinasaba (DNA), tangu 1993 mguu mmoja tu wa mbu unatosha kukwambia ni nani.

Mwaka 2013 wakamgawa tena gambiae, kundi moja la Afrika Magharibi na Kati likapewa jina coluzzii, kumuenzi Mario Coluzzi, Mtaliano aliyesoma sana kromosomu za hawa wadudu. Hapo hata mimi nilisema jamani majina yamezidi. Ila ndo hivyo, Kilombero siku hizi anayeongoza kuambukiza ni funestus, Anofelesi wa kundi jingine, na nae ana ndugu zake wanaofanana nae, kina rivulorum na leesoni, ambao kwenye malaria mchango wao ni kidogo sana, kwahiyo vijana wa maabara bado wanakata miguu ya mbu.