Aliyemimina Maji Mikononi

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa. Masomo ya wiki hii ni 1 Wafalme 19:19–21 na 2 Wafalme 3:11. Ni mafupi, yasomeni kabla hamjaendelea.

Vijana wetu wakimwona Eric Cantona, yule Mfaransa aliyecheza mpira Uingereza, leo wanaona mzee mwenye ndevu anayeigiza filamu. Sisi tulioanza kutafuta miwani tunamkumbuka kwa kola iliyosimama na jezi namba 7. Alitoka Leeds kwenda Manchester United Novemba 1992, na katika misimu mitano timu ikabeba ubingwa mara nne. Mei 1997, ubingwa ukiwa bado wa moto na yeye ndiye nahodha, akatundika daluga. Alikuwa na miaka 30. Hakuvunjika mguu wala hakupoteza namba.

Simfanyi mtakatifu. Huyu ndiye aliyemrukia shabiki kwa teke pale Selhurst Park Januari 1995, akafungiwa miezi minane, na kifungo cha wiki mbili kikageuzwa kwenye rufaa kuwa saa 120 za kutumikia jamii. Lakini ninachokitazama ni mwaka 1998, alipotokea kwenye filamu ya Malkia Elizabeth wa Kwanza wa Uingereza akiwa balozi wa Ufaransa. Sehemu ndogo. Mtu ambaye uwanja mzima ulikuwa ukiimba jina lake, sasa anaambiwa asimame hapa, aseme maneno machache kwa lugha isiyo ya mama yake, kisha ampishe mwenye filamu.

Sasa njooni kwa Elisha. Msimdhanie maskini. Jozi kumi na mbili za ng'ombe shambani si mali ya mtu anayehangaikia mlo, na kazi aliijua, maana jozi ya mwisho alikuwa nayo mwenyewe. Nabii Eliya akapita, akamtupia vazi lake, ndiyo kumwita. Elisha akachinja ng'ombe, akapikia nyama kwa miti ya vyombo vyake vya kulimia, watu wakala. Mahubiri mengi hukomea kwenye moto ule, na ni kweli unapendeza kuhubiri. Mwisho wa mstari huohuo ndio tunaurukaruka: akainuka, akamfuata Eliya, akamhudumia.

Alimhudumiaje? Tunakuja kuambiwa baadaye, wafalme watatu walipokwama jangwani bila maji wakauliza kama kuna nabii. Mtumishi mmoja akamtaja Elisha, na sifa aliyompa ni moja tu: ndiye aliyekuwa akimimina maji juu ya mikono ya Eliya. Hapa Tanga tunaijua kazi hiyo. Kwenye shughuli, kabla sinia la pilau halijatua, kuna kijana anayepita na birika mkono huu na beseni mkono ule, ameinama, wakubwa wananawa huku wanaongea na hakuna anayemtazama usoni. Mwenye ng'ombe ishirini na wanne alikubali kuwa huyo.

Kuacha si kugumu kama tunavyofikiri. Wengi wetu tumeacha: viwanda vilipofungwa, mkonge ulipoyumba, barua ya kustaafu ilipofika. Kinachotushinda ni kuwa mwanafunzi tena. Mtu anatoka ofisi aliyoizoea, anafungua duka Ngamiani, na tangu siku ya kwanza anataka aitwe mkurugenzi. Muuzaji kijana akimweleza namna ya kupanga bei, ananuna. Tena mchezaji wa zamani wa Coastal Union, timu yetu ya hapa Tanga, anayesubiri mpaka leo aachiwe kiti cha mbele uwanja wa Mkwakwani (mimi ni Mgosi wa Kaya, shabiki wao, naruhusiwa kusema) hana tofauti na mwinjilisti mstaafu anayesubiri mimbari.

Kwenye kwaya yetu yupo mwalimu mkuu mstaafu, ameingia besi mwaka huu. Anayefundisha nyimbo ni kijana aliyesoma shuleni kwake. Jumamosi iliyopita mzee alipotea sauti, akaimba mi tena. Kijana akasimamisha kwaya, akasugua viganja. "Mwalimu, samahani sana, hapo tunashuka kwenye re." Watu wakatazama chini. Mzee akavua miwani, akaifuta kwa ncha ya shati, akatoa penseli mfukoni na kuizungushia duara ile nota. "Nipe tena," akasema. Akaikosa mara ya pili, akaipata ya tatu.

Sisemi kila anayebadili kazi ameitwa na Mungu. Wengine tunakimbia madeni. Ila ukishaitwa, usishangae mlango ukiwa mfupi na anayekufungulia ni mdogo kwako.

Wiki hii tuwaombee walio mwaka wa kwanza wa jambo jipya huku wana mvi, na vijana waliopewa kuwafundisha wazazi wao, maana nao kazi yao si nyepesi. Mwenye jina la kuombewa alilete Alhamisi. Ibada ya nyumbani ni Makorora, saa kumi na moja jioni.