Mwachieni jaja simu yake

Mjukuu kakaa na jaja wake, yaani bibi au babu yake, barazani, Bombo au Arua nchini Uganda, simu mkononi, akimfundisha kutuma pesa kwa MTN: "Piga *165#, chagua hapa, halafu hapa, umeona?" Jaja anaitikia kwa kichwa. Kesho yake hakumbuki hata pa kuanzia, na nyumba nzima inakata shauri kwamba mzee hashiki tena kitu. Hukumu hiyo inaniuma, kwa sababu aliyekosea ni mwalimu.

Uzee hupunguza kasi ya ubongo kupokea jambo geni, pamoja na idadi ya mambo yanayoweza kushikwa kwa wakati mmoja. Maarifa ya zamani hayaguswi sana: ukoo, msamiati na mambo ya ujanani hubaki imara. Kwa hiyo hatua sita zikimwagwa kwa pumzi moja, ya tatu huisukuma ya kwanza nje. Na mzee asiyesikia vizuri hutumia nguvu zote kulinasa neno, asibakiwe na za kulihifadhi. Kaa mbele yake akuone mdomo, na miwani iwe machoni.

Kinachojenga kumbukumbu ni kuivuta mwenyewe, kwa nafasi zinazorefuka. Wanasaikolojia Landauer na Bjork walilionyesha hilo mwaka 1978, na baadaye njia hiyo ikatumika hata kwa wagonjwa wa kusahau. Mfundishe hatua moja tu: "Kutuma pesa tunaanza na nyota, moja, sita, tano, reli." Muulize papo hapo: "Tunaanza na nini, jaja?" Akijibu, muulize tena baada ya sekunde 30, kisha dakika 1, 2, 4, 8, 16. Katikati pigeni soga za mvua na mihogo. Mkikaa kimya atairudiarudia tu kichwani, na huko si kuikumbuka. Akikwama, usimwache abahatishe. Mpe jibu, alirudie, kisha rudini kwenye muda wa mwisho aliofaulu. Kosa nalo hukaa kichwani, na kesho mzee hupata tabu kujua lipi lilikuwa sahihi.

Hatua ya pili ingoje kesho, baada ya usingizi. Vidole viwe vyake siku zote. Ukimnyang'anya simu umejifundisha wewe. Mazoezi yaanze na kuangalia salio, pesa isije ikapotea. Menyu ikikatika kwa sababu amechelewa kubonyeza, mwambie ni simu iliyochoka kungoja, aanze upya. Hatua ziandikwe kwa herufi kubwa kwenye karatasi.

Namba ya siri haiandikwi hapo, na isiwe mwaka wa kuzaliwa. Achague tarakimu za jambo la ujanani analolijua yeye peke yake, kisha mzizoeze kwa nafasi zilezile. Azibonyeze huku wewe umegeuka.

Kusahau jina na kulipata jioni ni jambo la kawaida. Kupotea njia ya nyumbani, au kutojua tena kazi ya kitu alichokitumia miaka yote, kunataka daktari. Mzee aliyechanganyikiwa ghafla, ndani ya saa au siku chache, apelekwe kituo cha afya siku hiyohiyo: huenda ni malaria, maambukizi ya mkojo, au dawa. Zitajeni zote anazomeza, hata za mafua zinazoleta usingizi kama klofeniramini, maana hizo huvuruga kumbukumbu za wazee, na zikiachwa mara nyingi akili hurudi.