Matembezi ya chakula na historia Mikindani: uliza maji kwanza

Anayetaka kuwatembeza wageni kwa miguu Mikindani, mji wa zamani wa pwani karibu na Mtwara, kusini mwa Tanzania, awalishe huku akiwasimulia mji, swali lake la kwanza liwe la maji. Ni bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana, au maji mafu, yanaposogea kidogo tu? Jibu lake ndilo linaloamua chunguni kutakuwa na nini, mtaondoka saa ngapi, na ghuba mtaikuta na sura gani. Matembezi mengi hupooza kwa sababu yamepangwa kwa kalenda ya ukutani: kila Jumamosi, saa tatu asubuhi, pweza wa nazi. Jumamosi ikiangukia maji mafu pweza hakuna, au yupo wa juzi aliyelala kwenye barafu, na mama anayepika anahangaika na kitu ambacho asingekiweka mbele ya watoto wake.

Hesabu yenyewe si ngumu. Bamvua huja mara mbili kwa mwezi, mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, kwa hiyo anayefuata tarehe za Kiislamu anayo tayari kichwani: siku chache kuzunguka tarehe mosi na kuzunguka tarehe 15. Siku hizo maji hupwa sana kwenye saa nne au saa tano asubuhi, miamba inabaki wazi, na wachokoaji wa pweza wanashuka. Kila siku inayofuata maji huchelewa kwa kama dakika 50. Juma moja baadaye ni maji mafu, hayajai sana wala hayapwi sana, na mwamba haufunuki.

Basi siku ya bamvua mambo yaende hivi. Agiza pweza jana yake kwa mchokoaji anayefahamika na mpishi. Saa sita mchana apokelewe, saa saba awe jikoni. Wageni waondoke saa tisa na nusu. Maji yatakuwa yamejaa kwenye saa kumi jioni, yaani mkiwa juu ya kilima ghuba nzima iko tele mbele yenu. Saa kumi na moja mnakula, na adhana ya magharibi inawakuta mmeshanawa. Siku za maji mafu geuza kila kitu: anzeni saa moja asubuhi kwa mbaazi za nazi na mandazi, mlo mkubwa uwe changu au tasi wa kuchoma. Msitaje pweza kabisa kwenye tangazo la siku hiyo.

Mikindani iko kama kilomita 10 kutoka Mtwara mjini, daladala zipo. Idadi inayofaa ni wageni 8. Wakizidi hapo wa nyuma hawasikii, baraza haliwatoshi, na sufuria moja haitoshi. Barabara kuu ya kwenda Lindi inapita katikati ya mji na magari hayapunguzi mwendo kwa hiari, kwa hiyo awepo mtu wa pili wa kufunga msafara nyuma. Beba maji ya kunywa, lita moja kwa kila mtu.

Anzieni juu, kwenye Boma, watu wakiwa bado na nguvu ya kupanda. Wajerumani walilijenga mwaka 1895 liwe ngome na ofisi yao ya utawala, na mwishoni mwa miaka ya 1990 lilikarabatiwa likawa hoteli. Omba ruhusa mapema ya kuingiza kundi. Pale juu usianze na tarehe. Waoneshe mlango wa ghuba ulivyo mwembamba na maji ya ndani yalivyotulia, halafu waulize wao wenyewe kwa nini majahazi yalipapenda hapa. Mtu akishaona hilo kwa macho, habari za pembe za ndovu na sandarusi (utomvu mgumu wa miti) zilizoshuka kutoka bara zinamwingia bila kusukumwa.

Kosa moja linarudiwa sana na linaumiza historia: kuwaambia wageni kwamba watumwa waliuzwa ndani ya Boma. Sultani Barghash wa Zanzibar alitia saini mkataba wa kuzuia biashara ya watumwa kwa njia ya bahari mwaka 1873, na Boma lilijengwa miaka 22 baadaye. Utumwa wenyewe uliendelea majumbani na mashambani, haukufutwa kisheria Tanganyika mpaka mwaka 1922, wakati wa Waingereza. Kwa hiyo ukweli una uzito wa kutosha, hauhitaji kuongezwa chumvi. Na sehemu hii isimuliwe mkiwa mmesimama, mikono mitupu. Kusikiliza habari za watu waliouzwa huku unatafuna kitumbua ni utovu wa adabu, na wageni wenyewe hujisikia vibaya.

Mkishuka kwenye nyumba za zamani, tafuteni ukuta uliobanduka lipu. Hapo pana somo ambalo nyumba nzima haiwezi kulionesha. Jiwe lililo wazi ni tumbawe: ukilisogelea unaona vitundu vidogo vimejipanga kama sega la nyuki, kila kimoja kilikuwa makazi ya mdudu wa baharini. Kati ya jiwe na jiwe ni chokaa, nayo ilipatikana kwa kuchoma matumbawe hayohayo. Juu, boriti ni za mikoko, na urefu wa boriti ndio uliopanga upana wa chumba, ndiyo maana vyumba vya nyumba hizi ni virefu na vyembamba. Mahali palipozibwa kwa saruji utaona lipu imetuna na kuanguka tena: chokaa huacha unyevu utoke, saruji huufungia ndani, na chumvi inasukuma kutoka nyuma. Mgeni apapase kwa kiganja tu. Akidonoa kipande cha ukumbusho, na wa kesho akidonoa chake, ukuta utakwisha.

Kwenye kibao cha David Livingstone, mmisionari na mpelelezi wa Kiskoti, usikae sana. Alitua Mikindani Machi 1866, akaanza safari yake ya mwisho kuelekea bara akiwa na ngamia, nyati wa Kihindi, nyumbu na punda. Wageni wengi hilo wamelisoma. Waambie habari za Abdullah Susi na James Chuma, waliokuwemo kwenye msafara huo. Livingstone alipofariki mwaka 1873, wao na wenzao waliubeba mwili wake mpaka pwani. Chuma alikuwa Myao, aliyewahi kukombolewa kutoka utumwani. Wayao wamejaa Lindi na Mtwara mpaka leo. Mtu wa hapa akisikia jina hilo hutulia akasikiliza, na mgeni wa mbali vilevile.

Sasa kaeni barazani, na hapa ndipo mdomo uanze kazi. Tangulizeni ming'oko. Ni viazi vya porini, vyembamba kama vidole, wanawake huvichimba kwa jembe na subira nyingi, kisha huvichemsha kwa maji kidogo sufuria ikiwa imefunikwa vizuri vipate kuiva kwa mvuke. Huuzwa kwa mafungu, pamoja na chumvi na pilipili ya kusaga. Unamenya kwa meno, unachovya, unakula. Mafungu mawili yanatosha watu 8, na yawe ya moto, kwa maana ming'oko iliyopoa hukakamaa na mgeni atadhani ndivyo ilivyo. Waeleze kwamba muhogo, karanga, korosho na hata pilipili waliyoichovya vilikuja kwa meli, asili yake ni mabara ya Amerika. Ming'oko ni mwenyeji, na njaa inapobana ndiyo inayovusha nyumba nyingi za kusini.

Korosho zina hatari yake. Kubangua kwa bati kunavutia kutazama: korosho zinapashwa moto mpaka ganda linatoa mafuta yake, yanawaka, zinamwagwa chini na kuzimwa kwa mchanga, halafu zinagongwa moja moja. Mafuta hayo hubabua ngozi na moshi wake hukereketa macho na kifua. Wasimame upande upepo unakotoka, hatua tano nyuma, na asiguse mtu ganda mpaka lipoe. Msimu wa mabibo, matunda ya mkorosho, kuanzia mwezi wa tisa au wa kumi hadi mwisho wa mwaka, mpe kila mtu bibo moja lililoanguka leo. Mwonye kwanza kwamba utomvu hautoki kwenye shati. Uraka, yaani maji ya mabibo yaliyochachuka, hunywewa sana, ila aonje anayetaka na ajue ni pombe. Gongo ya mabibo usiiguse, ni kinyume cha sheria na hujui imepikwaje.

Kashata ya karanga iwekeni mfukoni mpaka mtakapoulizana kwa nini mji huu ulinyamaza. Mwaka 1947 Waingereza walianzisha mradi mkubwa wa karanga Kongwa, Urambo na Nachingwea. Kwa ajili ya Nachingwea ikajengwa reli, na bandari ya kina kirefu ikatengenezwa Mtwara. Mradi ulivunjwa mwaka 1951, bandari ikafunguliwa mwaka 1954 karanga zikiwa hazipo, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 reli ikang'olewa. Limebaki jina la kata ya Reli pale mjini. Meli na wafanyabiashara wakahamia Mtwara, nyumba za mawe za Mikindani zikabaki na popo. Gawa kashata hapo, kipande kimoja kimoja. Hawataisahau.

Mwishowe uani kwa mpishi. Pigeni hodi, na walio wadogo kwake wamwamkie kwa shikamoo, wafundisheni njiani. Pweza wa kilo 2 anaonekana mwingi kwa watu 8, lakini akiiva anabaki kama kilo moja, kwani hutoa maji mengi. Hupondwa kwanza juu ya jiwe mpaka mikono ilegee, akaoshwa utelezi wote. Anaingia sufuriani bila maji, anachemka kwa maji yake mwenyewe, yale ya rangi ya zambarau, kwa dakika 40 hadi saa nzima, mpaka ncha ya kisu izame. Chumvi ni ya mwisho kabisa. Pweza amekuja nayo kutoka baharini. Nazi kubwa 2 zinatosha. Mgeni mmoja mmoja akae juu ya mbuzi akune kidogo, na aambiwe aishie kwenye nyeupe: akifika kwenye kahawia ya kifuu tui linakuwa jeusijeusi. Tui la pili linaingia na kitunguu, nyanya na bizari, tui la kwanza linafuata moto ukiwa umepunguzwa. Hapo koroga bila kuacha na usifunike, likichemka kwa nguvu linakatika, mafuta juu na maji chini. Ndimu ikamuliwe sahanini.

Linaloharibu mlo huu mara nyingi ni ukarimu wa mapema. Vitumbua vitatu vitatu barazani, chai ya maziwa, kashata mara mbili, na wageni wanafika kwa pweza wameshiba. Kila kituo kitu kimoja. Jana yake uliza nani hali korosho, karanga, au vitu vya baharini, kwa sababu mzio wa korosho unaweza kumfunga mtu pumzi na hospitali haiko mlango wa pili.

Mpishi apewe nusu ya fedha siku iliyotangulia, kwa kuwa nazi, mkaa na pweza hununuliwa taslimu, na nusu iliyobaki akabidhiwe mkononi kabla hamjaondoka. Kikundi kikighairi asubuhi, ile nusu ya kwanza hairudi. Leseni ya kuongoza watalii ipatikane kabla ya kutangaza popote; Sheria ya Utalii ya mwaka 2008 inaidai, na ofisa utamaduni wa manispaa atakuelekeza.

Mwezi wa Ramadhani mchana hakuna kula hadharani, wala maji njiani mbele za watu. Hamishieni matembezi alasiri, historia peke yake, chupa zikae mkobani, na mtue kwa mpishi dakika kumi kabla ya adhana: tende, uji, mihogo ya nazi, tambi. Hapo wageni wanafuturu pamoja na wenyeji, na kwa kuwa mpishi ana watu wake wa kuwafuturisha, idadi ishuke iwe 4.