Lebo Kumi na Nne

Bomba lilifika Mikocheni Jumatano mchana, na maonyesho yalikuwa yafunguliwe Ijumaa saa kumi na mbili jioni. Lilikuwa bomba la plastiki la maji taka, la inchi sita. Ndani yake zilisukumwa picha kumi na nne zilizoviringishwa pamoja, upande wa rangi ukitazama ndani, na kati ya kila picha na mwenzake kulikuwa na nailoni. Zilikuwa zimetoka kuonyeshwa nje ya nchi na waliozifunga walikuwa na haraka. Hatukuhitaji kuvuta hata moja kujua kwamba kuna zilizopasuka. Ilikuwa mwaka 2013, nasi tulikuwa watatu, kazi yetu kutundika.

Mchoraji mwenyewe alitoka katika ukoo wa Tingatinga. Edward Saidi Tingatinga, mtu wa Tunduru, alianza kuchora Dar es Salaam mwaka 1968 hivi, kwenye vipande vya mraba vya hadibodi, kwa rangi ya mafuta ya enameli, ileile inayopakwa baiskeli na milango. Alikufa mwaka 1972 kwa risasi ya polisi waliomdhania mtu mwingine. Wanafunzi na jamaa zake wakaendelea Oysterbay, na mwaka 1990 wakawa na ushirika wao. Rangi ile inapendana na hadibodi kwa sababu hadibodi haipindi. Ilihamia kwenye kitambaa ili mtalii aweze kuitia picha kwenye begi, lakini tabia yake ikabaki ileile. Hukauka kuanzia juu, kwa hewa. Juu hujifunga ngozi na chini bado ni laini. Ukiipaka nene hukunjamana. Ikishazeeka huwa ngumu kama ganda la yai, na ganda la yai haliviringishwi.

Kama ni lazima kuviringisha, bomba lilelile lingetosha, ila picha zizungushwe kwa nje yake, rangi ikitazama nje. Rangi iliyo nje huvutika kidogo, na mpasuko wake hujifunga picha inapolazwa. Iliyo ndani hubanwa, hujikunja na kuinuka vipande. Na kati ya picha na picha iwekwe karatasi laini isiyo na maandishi. Nailoni kwenye joto la Dar es Salaam hugandana na rangi ya mafuta hata ile iliyokauka mwaka mzima.

Tulizifungua mchana uleule, makusudi, jua likiwa kali na kontena tulimofanyia kazi limepata moto, maana joto huilegeza rangi. Moja moja, juu ya meza, sentimita kumi, kisha unasubiri. Hakuna aliyezikandamiza kwa mkono. Nailoni tuliziacha palepale juu ya picha mpaka alfajiri ya Alhamisi, kwa sababu kuibandua kunataka kinyume chake: baridi. Unaikunja nailoni irudi nyuma juu ya mgongo wake na kuivuta sambamba na meza, polepole. Ukiivuta kwenda juu, inaondoka na rangi.

Picha sita zilikuwa na nyufa. Tano kati yake nyufa zilipita kwenye manyoya na madoa ya kanga, mahali ambapo mwenye mkono wake anaweza kurudia nukta mojamoja kwa brashi nyembamba na tone la tapentaini, na jicho lisione. Ya sita ilikuwa na mandhari ya bluu tupu, na ufa ulikatiza katikati. Bluu tupu haitengenezeki kwa kipande. Rangi mpya hung'aa kuliko ya zamani, na ya zamani huwa imebadilika. Nyeupe hasa hugeuka manjano ikikaa gizani. Ama upake mandhari yote upya, ama uiondoe picha. Mchoraji aliitazama muda mrefu, kisha akaigeuza uso ukutani.

Kuwamba kulituchukua Alhamisi nzima. Fremu zilikuwa za sentimita 90 kwa 90, mbao zake zimechongwa mteremko upande wa ndani. Mbao ikiwa bapa hugusana na kitambaa, na baada ya miezi michache unaona mstari wa fremu umejichora mbele ya picha. Pini ya kwanza unaipiga katikati ya upande mmoja, ya pili upande unaoukabili, kisha pande mbili zilizobaki, halafu unaelekea kwenye pembe ukiacha sentimita tano kati ya pini na pini. Anayeanzia pembeni hupata mikunjo asiyoweza kuitoa. Kwa picha zenye nyufa tuliwamba kwa ulegevu, na Ijumaa asubuhi tukagonga kabari kwenye pembe, kidogo kidogo, mpaka kitambaa kikatulia.

Ukumbini, waandaaji walitaka safu mbili, moja juu ya nyingine. Walizoea kuona kazi za namna hii zikipangwa hivyo vibandani, ubavu kwa ubavu, na walisema kwa nia njema kabisa. Lakini kibandani picha hupangwa hivyo ili mnunuzi achague. Ukutani picha inataka itazamwe peke yake. Ukuta mrefu ulikuwa mita 12. Picha saba zinakula mita 6.3, zinabaki 5.7, ukigawa kwa nafasi nane unapata sentimita 71 kila upande. Katikati ya picha iwe sentimita 150 kutoka sakafuni. Nusu ya picha ni 45, waya wa nyuma yake ukivutwa unafika sentimita 8 chini ya ukingo wa juu, kwa hiyo skrubu inakaa 187. Skrubu mbili kwa kila picha. Moja huiacha ipinde kila mlango unapobamizwa.

Taa ndizo zilizotusumbua. Zilikuwa mita 3.2 juu na karibu mita moja kutoka ukutani, kipimo kizuri kwa rangi ya akriliki isiyong'aa. Kwenye rangi ya mafuta kila taa ilionekana kama yai jeupe juu ya kifua cha ndege. Tukazisogeza hadi sentimita 70, mwanga ukashuka wima zaidi na mng'ao ukaangukia sakafuni. Picha mbili ziliendelea kung'aa, hizo tukateremsha vipete vya waya kwa nyuma ili picha ziiname mbele kidogo.

Saa tisa lebo zililetwa, kumi na nne, zimeandikwa mfano mmoja: Tingatinga, rangi ya mafuta. Mchoraji alisoma ya kwanza, akaibandua kwa ukucha, akasoma ya pili.

"Hili ni jina la marehemu mwalimu wetu," alisema. "Mimi nina langu."

"Lakini mzee, watu watajuaje ni mtindo gani?"

"Wataona."

Alikuwa na haki, na ninalisema hili kwa uzito wote. Mji huu umewahi kumwita mchoraji kwa jina lake: George Lilanga alifanya kazi Nyumba ya Sanaa, jengo la wasanii hapa mjini, na hakuna aliyemwandika kwa jina la jengo. Ndugu zetu wa Oysterbay wamechora miongo mingi wakisomwa wote kama mtu mmoja. Na "rangi ya mafuta" kwenye lebo humfanya msomaji afikirie zile za tyubu za wachoraji, ambazo hutunzwa kwa namna nyingine.

Tukachapa upya: jina la mchoraji, jina la picha, mwaka, rangi ya enameli juu ya kitambaa cha pamba, vipimo. Yeye akapita nyuma ya kila fremu akiandika hayohayo kwa penseli kwenye mbao, kwa kuwa wino ukiandikwa kwenye kitambaa hupenya hadi mbele.

Ukutani zilihitajika lebo kumi na tatu tu. Alitaka ya kumi na nne nayo ichapwe. Akaichukua, akarudi Mikocheni kwenye kontena kwa bajaji, akaibandika kwenye fremu ya ile ya bluu, na akawahi kurudi kabla ya saa kumi na mbili.